Namna ya Kutishwa Mara Mbili na Zimwi Moja

Mwongozo huu ni wa mtu aliyekwisha kuitazama Alien, akatishika ipasavyo, kisha akasikia kwamba iko Alien nyingine. Ni kweli, iko. Ya kwanza ilianza kuonyeshwa Marekani tarehe 25 Mei 1979, nayo ina dakika 117. Ya pili ilitoka mwishoni mwa Oktoba 2003 kwa jina la toleo la mwongozaji, nayo ina dakika 116. Mwongozaji ni yuleyule Ridley Scott, waigizaji ni walewale, hata paka ni yuleyule Jones. Lakini aliyetazama ya kwanza na aliyetazama ya pili hawaogopi kitu kimoja. Kazi yako ni kutafuta mkasi ulipita wapi na hofu ikahamia wapi.

Hatua ni saba. Zifuate kwa mpangilio wake, maana anayeanzia katikati hujiharibia starehe isiyorudi. Kwa mpenzi wa filamu, sijui darasa la uhariri lililo bora kuliko hili, na ada yake ni jioni mbili na usingizi wa usiku mmoja.

Hatua ya kwanza: Iweke saa kando

Wengi wakisikia toleo la mwongozaji hudhani ni toleo refu: kila kilichofichwa sasa kimetolewa, na studio iliyokuwa ikibana imeachia. Kwa filamu nyingi ndivyo ilivyo. Kwa hii sivyo. Scott alirudisha takriban dakika nne za picha zilizoachwa mwaka 1979, kisha akaondoa takriban dakika tano za picha zilizokuwemo. Ukihesabu, toleo jipya limepungua.

Ilitokea hivi. Studio ya 20th Century Fox ilikuwa ikiandaa seti kubwa ya DVD ya filamu zote nne za Alien zilizokuwepo wakati huo. Ikataka kila filamu iwe na toleo lake la pili. Scott alionyeshwa Alien ndefu, iliyorudishiwa vipande vilivyoachwa. Akaona imekuwa nzito na mwendo wake umevurugika. Basi akakata mwenyewe, akaongeza anachotaka na kubana palipolegea ili mambo yaende. Naye ameeleza wazi kwamba ile ya 1979 ndiyo filamu aliyoitaka wakati ule, na anaridhika nayo hadi leo.

Kwa hiyo jambo la kwanza ni kuyasahau maandishi yaliyo kwenye kasha. Mwenye filamu hakudhulumiwa mwaka 1979, wala hakukombolewa mwaka 2003. Una matoleo mawili ya mtu mmoja, moja la kijana mwenye filamu moja tu ya sinema nyuma yake, jingine la mzee mwenye jina. Yasikilize yote mawili kwa heshima sawa, kisha ndipo uhukumu.

Hatua ya pili: Andaa chumba na uchague watu

Tazama usiku. Zima taa. Simu iwe chumba kingine, si mfukoni, kwa sababu filamu hii hujenga hofu kwa kusubiri, na mkono unaosubiri hukimbilia simu.

Sauti ni nusu ya kazi. Mhariri wa filamu hii, Terry Rawlings, alitokea kwenye uhariri wa sauti kabla ya kushika picha, na masikio yake yako kila mahali: feni zinazovuma, maji yanayodondoka, minyororo inayogongana, na muziki wa Jerry Goldsmith unaoingia kwa kunyata na kuondoka bila kuaga. Ndiyo maana, kwa usiku huu, acha nakala yenye sauti ya mtafsiri. Nawaheshimu sana watafsiri wa filamu. Wamezifikisha filamu za dunia nzima kwenye vibanda umiza vyetu na wamezipa uhai wa pili. Lakini mtafsiri hodari havumilii ukimya, na Alien bila ukimya imeng'olewa meno.

Sasa wageni. Mwalike mtu mmoja ambaye hajawahi kuiona kabisa. Huyo ni wa thamani kuliko spika yoyote, kwa sababu uso wake utakuonyesha kitu ambacho wewe umeshapoteza. Mwalike mmoja anayependa kubishana. Usimwalike anayenong'ona, "Subiri, sasa hivi anakufa." Mwache nyumbani kwake, hata kama ni shemeji.

Kisha anza na toleo la 1979. Hapa sina mjadala. Ukishajua yaliyompata nahodha Dallas huwezi kutojua, na kutojua ndiko kunakolifanya toleo la kwanza lifanye kazi.

Hatua ya tatu: Tazama ya 1979 ukiandika usichokiona

Chukua daftari. Usiandike matukio; hayo utayakumbuka. Andika kila ulichotaka kukiona ukanyimwa.

Utaanza kuandika mapema. Kamera inazunguka kwenye vichochoro vitupu vya chombo kiitwacho Nostromo kabla hujamwona binadamu yeyote. Chombo hiki si cha mashujaa. Ni cha kukokota mizigo, kinarudi duniani na kiwanda cha kusafishia madini na tani milioni 20 za mawe ya madini. Ndani yake wamo wafanyakazi saba, na mafundi wawili, Parker na Brett, wanalalamika kwamba bonasi yao ni ndogo kuliko ya wenzao. Kompyuta inayoitwa Mother inawaamsha kabla ya wakati kwa sababu imenasa mawimbi ya mtu au kitu kisichojulikana. Mkataba unawalazimisha kwenda kuangalia, na asiyekwenda hukosa malipo. Hofu yote itakayofuata imeingia kupitia kifungu cha mkataba wa kazi.

Utaandika zaidi zimwi likishakua. Umbo lake lilibuniwa na msanii wa Uswisi, H.R. Giger. Aliyelivaa kwa sehemu kubwa ni Bolaji Badejo, Mnigeria mwenye urefu wa zaidi ya mita mbili, mwanafunzi wa sanaa ya ubunifu aliyegunduliwa katika baa moja jijini London. Hakuwa mwigizaji, na hakucheza filamu nyingine maishani mwake. Ule mwendo wa taratibu, usio wa mtu wala wa mnyama, kwa sehemu kubwa ni mwili wake. Na bado Scott na Rawlings wanakunyima kumwona. Wanakupa taya. Wanakupa mkono. Wanakupa mkia, ute, kivuli kinachojikunjua. Andika yote hayo.

Kisha fika kwa Dallas, upige mstari chini ya jina lake. Tuliokulia kwenye mabanda ya video tulifundishwa kanuni moja: steringi hafi. Mwaka 1979 Sigourney Weaver, anayemcheza Ripley, alikuwa karibu hajulikani. Jina la kwanza kwenye orodha ya waigizaji lilikuwa la Tom Skerritt, yaani Dallas. Ana ndevu, ana cheo, ana busara ya kutosha. Kila kitu kinasema huyu ndiye steringi. Anaingia kwenye njia za hewa akiwa na kirusha moto, wenzake wakifuatilia nukta mbili kwenye mtambo, yake na ya zimwi. Nukta zinakaribiana. Mwenzake Lambert anapiga kelele akimwambia aondoke. Mwanga, mikono miwili iliyonyooshwa, basi.

Wanakuta kirusha moto chake kimelala chini. Hakuna damu, hakuna mwili. Toleo la 1979 halitataja tena yaliyomsibu hadi mwisho. Andika kwa herufi kubwa: DALLAS YUKO WAPI? Funga daftari, nenda kalale. Au jaribu.

Hatua ya nne: Tazama ya 2003 na usimame mahali panne

Jioni ya pili fungua daftari. Mengi ya yaliyopunguzwa utayahisi bila kuyaona: hatua chache za kutembea, sekunde chache za kusubiri, picha ya ukuta iliyodumu kidogo tu. Utahisi chombo kimekuwa kidogo. Ukubwa wa Nostromo ulitokana na muda tuliopotezewa ndani yake, na muda huo ukipungua kuta husogea. Yaliyoongezwa, hata hivyo, yanaonekana. Simama kwenye manne haya.

La kwanza ni mawimbi. Katika toleo hili tunawaona wafanyakazi wamekusanyika wakiusikiliza ule mlio wenyewe. Katika lile la kwanza tunaambiwa upo, basi. Mlio ni mzuri, unasimamisha nywele. Lakini mfikirie mtu anayeanza na toleo hili: tangu sasa anajua kinachowangoja si kitu cha binadamu. Jioni iliyopita mgeni wako alibaki na shaka kwa muda mrefu zaidi.

La pili ni kofi. Unakumbuka kwamba mwenzao Kane anarudishwa akiwa na kiumbe kimemng'ang'ania usoni, na Ripley anakataa kufungua mlango kwa sababu ya kanuni za karantini. Mwenzao Ash anafungua. Katika toleo la 2003, Ripley anapowafuata nje ya chumba cha matibabu, Lambert anamrukia na kumpiga. Alikuwa huko nje pamoja na Kane. Mlango aliofungiwa ni wake pia. Na Parker anasema kwa sauti kile ambacho kila mtazamaji anakiwaza, kwamba pengine Ripley alikuwa sahihi.

Tukio hili halimwongezei zimwi hata kucha moja, lakini linaongeza watu. Ghafla Ripley si mshindi aliyeandikiwa tangu mwanzo. Ni ofisa aliyefuata kanuni, akachukiwa kwa kuifuata, na ambaye wenzake watakufa kwa sababu kanuni ilivunjwa. Lambert naye, ambaye wengi humkumbuka kwa kulia tu, anapata haki ya hasira. Veronica Cartwright, anayemcheza, anazistahili sekunde hizo. Ukitaka kujua kitu kimoja tu ambacho kwacho 2003 inaizidi 1979, jibu ni hili, na nitalitetea popote.

La tatu ni minyororo. Brett anamtafuta paka. Maji yanamdondokea, anayapokea usoni kwa raha. Katika toleo jipya tunaliona zimwi likining'inia juu kati ya minyororo kabla yeye hajaliona, na baada ya kushambuliwa Ripley na Parker wanafika wakati anavutwa juu. Faida yake ni kwamba sasa tunaelewa Parker alijuaje ukubwa wa kitu hicho anapowasimulia wenzake. Hasara yake ni kwamba tumeliona lote, limetulia, likiwa na mwanzo na mwisho. Zimwi lenye mwanzo na mwisho unaweza kulikadiria. Jana usiku lilikuwa na ukubwa wa giza lote.

La nne ni kiota, nalo ndilo lililokuleta hapa. Parker na Lambert wameshauawa. Ripley yuko peke yake, na anashuka mahali ambapo kuta zimefunikwa na utandu. Dallas yumo humo ukutani, yu hai. Pembeni yake ni kilichobaki cha Brett, na kinageuka kuwa yai. Dallas anamwomba amuue. Ripley anawasha moto.

Tazama tukio hili mara mbili mfululizo kabla ya kusema lolote. Mara ya kwanza kwa ajili ya Dallas. Mara ya pili kwa ajili ya uso wa Weaver.

Hatua ya tano: Bishaneni kuhusu mayai, lakini kwa muda

Sasa mwache yule rafiki mbishi azungumze, kwa sababu atakuwa ametoka jasho. Mwaka 1986 James Cameron alitengeneza Aliens, na humo akatuonyesha malkia mkubwa anayetaga mayai. Sote tulilala tukijua uzazi wa hawa viumbe. Kumbe katika tukio lililopigwa picha mwaka 1978 kwenye studio za Shepperton, Uingereza, hakuna malkia: anayeshikwa ndiye anayegeuzwa yai, yai linatoa kiumbe cha kung'ang'ania uso, hicho kinapandikiza kingine kifuani, kinakua, kinashika mtu mwingine. Mzunguko unajitosheleza. Zimwi moja na mabaharia wachache, basi, lina kila linachohitaji.

Wapenzi wa filamu hizi wamehangaika kupatanisha nadharia hizi mbili. Mimi nasema msizipatanishe. Alien haikudaiwa chochote na filamu iliyokuja miaka saba baadaye. Jambo la kuvutia liko upande mwingine kabisa: kwa kuwa kiota kiliondolewa, toleo la 1979 liliacha swali wazi, nani alitaga yale maelfu ya mayai ndani ya lile jahazi la ajabu yalikotoka mawimbi? Pengo hilo ndilo Cameron alilojaza. Kama tukio lingebaki, jibu lingekuwa limeshatolewa, na malkia angekosa pa kusimama. Mkasi wa Rawlings ulikata tukio moja, na njia ya filamu iliyofuata ikafunguka.

Mjadala huu upewe dakika 20. Ukizidi hapo mtakuwa mnajadili baiolojia, na hatukukutana kwa ajili hiyo.

Hatua ya sita: Toa hukumu, na usiseme kila moja ina uzuri wake

Kila moja ina uzuri wake, naam, lakini huo ni ukarimu wa mwenyeji, si hukumu. Hukumu huanzia kwenye daftari. Fungua ukurasa wenye swali kuhusu Dallas na uulize: jioni gani swali hilo lilikusumbua zaidi?

Yangu ni hii. Toleo la 1979 ndilo kubwa zaidi, na kiota ndicho kinachothibitisha. Si kwamba tukio ni baya. Ni la kutisha kweli, na nafasi pekee ambapo Ripley analazimika kumwonea mtu huruma kwa njia ya kikatili. Scott aliliondoa mwaka 1979 kwa sababu lilisimamisha mbio za mwisho, na alikuwa sahihi. Hata toleo la 2003, pamoja na kubanwa kote, linavuta pumzi pale wakati ambapo halitakiwi kupumua. Lakini mwendo ni nusu tu ya sababu. Nusu nyingine ni kwamba kiota kinajibu. Kinatupa mwili, kinatupa sababu, kinatupa mazishi. Kikishaonekana, zimwi lina nia tunayoielewa: linataka kuzaa. Katika toleo la kwanza halitaki kitu tunachoweza kukitaja. Wahenga walisema zimwi likujualo halikuli likakwisha. Hili la 1979 halikujui, wala hulijui, na hakuna kilichobaki cha Dallas cha kuzikwa.

Kwa mtu anayeiona mara ya kwanza, mwonyeshe ya 1979 bila kusita. Kwa mtu anayeipenda tayari, mpe ya 2003 kwa ajili ya kofi la Lambert na uso wa Weaver mbele ya moto. Na kama siku moja mtu ataniuliza ningechukua nini kutoka toleo la pili nikitie kwenye la kwanza, ningechukua kofi lile tu, nikaacha mengine kwenye makopo yake.

Hatua ya saba: Pima jicho lako kwenye filamu nyingine mbili

Jicho lililofunzwa lisikae bure. Aliens ya 1986 ilikuwa na dakika 137 sinemani, na baadaye ikapata toleo maalumu la dakika 154. Hilo linaonyesha makazi ya Hadley's Hope yakiwa na watu na watoto kabla ya maafa, na familia ya binti mdogo Newt ikilikuta jahazi. Kwa kipimo tulichojifunza, ni kosa: wanajeshi wanapofika kwenye makazi matupu, sisi tumeshajua kilichotokea na wao hawajui, na mguu wa woga umevunjwa. Lakini toleo hilohilo linatuambia Ripley alikuwa na binti, Amanda, aliyezeeka na kufa akiwa na miaka 66 wakati mama yake amelala angani kwa miaka 57. Picha ya Amanda mzee anayoonyeshwa Ripley ni ya Elizabeth Inglis, mama mzazi wa Sigourney Weaver. Bila dakika hizo, kumng'ang'ania kwake Newt ni ushujaa; zikiwemo, ni uchungu wa mzazi. Hapo nakubali kupoteza fumbo ili nipate mama.

Kisha Alien 3 ya 1992, dakika 114. Toleo lake la 2003, lenye dakika 145, lilikusanywa bila David Fincher, mwongozaji wake, ambaye hakutaka kushiriki. Zimwi ambalo sinemani lilitokana na mbwa, humo linatokana na ng'ombe. Wafungwa aliokwama nao Ripley wanapata majina na nyuso unazoweza kuzitofautisha. Na Ripley anapojitupa kwenye tanuri, kiumbe hakitoki kifuani mwake angani kama kilivyofanya mwaka 1992. Anaanguka peke yake, kwa hiari yake. Katika filamu hii urefu unashinda, kwa sababu kilichopungua sinemani hakikuwa giza. Walikuwa ni watu.

Basi filamu tatu zimetoa hukumu tatu, na hakuna kanuni ya kwamba fupi ni bora au ndefu ni bora. Liko swali moja la kukiuliza kila kipande kilichorudishwa: kabla hujaja, nilikuwa naogopa nini, na umenipa nini badala yake? Kikikupa mtu, kipokee. Kikikupa maelezo, kirudishe ghalani. Na atakayekupinga, umkaribishe, ila kwa sharti moja: ataje picha anayoitetea, inapoanza na inapoishia. Asiyeweza kuitaja arudi hatua ya tatu, na aje na daftari.